Kamera mtoto anaiona, maiki anaisahau

Mimi nashuti dokumentari, zile za kumfuata mtu na maisha yake bila kumpangia la kusema, na nyingi nimezishutia hapa hapa Tanga. Watu huniuliza unawafanyaje watoto wasiangalie kamera. Hiyo wala sio kazi, siku ya kwanza wanajazana mbele ya lenzi wote, ya pili hivyo hivyo, ya tatu wameshakuchoka wamerudi kwenye mpira wao. Kazi inaanza wakishakuzoea.

Tulikuwa Sahare tunamfuata dogo wa miaka minane, baba yake mvuvi. Nilimbania maiki ndogo kwenye kola, kaboksi kake kiunoni kwenye bukta. Kamera tumezima tunasubiri jua lipungue, ila hedifoni ninazo masikioni na rekoda inaenda, dogo akazunguka nyuma ya nyumba na dada yake, mara nasikia ananong'ona kwamba usiku kakojoa tena na godoro kaligeuza mama asijue. Nikavua hedifoni, nikamfuata, nikamwambia mwanangu hiki kidude bado kinasikia. Akashika kiuno, akaniangalia weee, halafu akasema taratibu, "Anko, hiyo usiiweke." Nikaifuta pale pale anaona.

Fomu ya ridhaa mama yake alishasaini wiki moja kabla, na ingeniruhusu kuitumia. Lakini aliyekojoa sio mama. Kanuni za Ofcom, wale wasimamizi wa utangazaji kule Uingereza, zinalisema hili vizuri sana, kwamba mshiriki akiwa chini ya miaka 18 lazima uangalie ustawi wa mwili wake na hisia zake, na heshima yake hata kama yeye au mzazi ameshakubali. Na kwetu Sheria ya Mtoto ya 2009 inampa mtoto haki ya kusikilizwa kwenye mambo yanayomhusu, sasa kuonekana kwenye TV na mtaa mzima kama sio jambo linalomhusu ni lipi?

Tena picha haizeeki. Seven Up!, dokumentari ya televisheni ya Granada ya Uingereza, ilirushwa 1964 na watoto 14 wa miaka saba, ilikuwa kipindi kimoja tu, lakini watu walirudi kuwashuti kila baada ya miaka saba, na hata 2019 walikuwa bado wanarudi. Wengine walijitoa njiani. Yule wa miaka saba angejuaje anakubali nini?

Kwa hiyo siku hizi nauliza kila asubuhi, sio mara moja, jioni nawaonesha tulichoshuti kwenye kioo cha kamera, na kabla ya yote namfundisha mtoto swichi ya maiki iko wapi, aizime mwenyewe akitaka, bila kuniomba. Nilianza na huyo huyo dogo, kesho yake. Alizima kila dakika tano, sauti nyingi tukakosa, mhariri alinilalamikia sana. Kile kipande anajifunza baisikeli ya baba yake, miguu haifiki chini, amepitisha mmoja katikati ya fremu, hakina sauti kabisa, na tumekirusha hivyo hivyo.