Dakika 21 za Kazadi

Jumamosi iliyopita kijana wetu mmoja wa miaka kumi na sita alitolewa golini dakika ya 25. Ilikuwa ndondo ya mtaani, Makorora, uwanja wa vumbi, watu wamejaa mpaka juu ya ukuta. Alikuwa ameshafungwa tatu. Mmoja wa wenye timu akasogea kwenye mstari akapiga kelele, "Mtoe huyo!" na kocha akamtoa. Kijana akavua glovu, akaziacha palepale chini ya nguzo, akaenda zake kwao Ngamiani na jezi mwilini. Glovu nilizichukua mimi.

Usiku nikamfuata. Akaniamkia, "Shikamoo, kocha," kisha kimya. Mama yake akaleta chai na mkate wa kumimina, mtoto hakugusa. Sikumwambia kwamba ni mchezo tu, maana kwa kipa si mchezo tu. Mshambuliaji akikosa magoli matatu ya wazi atatolewa dakika ya 70 na bado kuna watakaompigia makofi. Kipa akitolewa kabla ya mapumziko, uwanja mzima unajua kwa nini, na yeye anajua kwamba wanajua. Nikamwuliza kama amewahi kumsikia Kazadi. Hajamsikia. Miaka yote niliyofundisha makipa hapa Tanga sijakutana na kijana hata mmoja anayemjua, na hilo ndilo lililonikalisha kuandika leo.

Robert Kidiaba mnamjua. Yule kipa wa TP Mazembe ya Kongo aliyekuwa akirukaruka kwa makalio timu yake ikifunga, na ambaye mwaka 2010 alifika na Mazembe fainali ya Kombe la Dunia la Klabu kule Abu Dhabi. Rudi nyuma miaka arobaini, klabu hiyohiyo ya Lubumbashi ikiitwa TP Englebert, utamkuta golini Robert mwingine: Robert Kazadi Mwamba, aliyezaliwa mwaka 1947. Lubumbashi ni mji wa Kiswahili. Ni Kiswahili cha kwao, chenye lafudhi na maneno yake, lakini ni Kiswahili. Mtoto wa Ngamiani akipelekwa kule kudaka hatahitaji mkalimani wa kuwapanga mabeki wake.

Englebert ya Kazadi ilicheza fainali nne mfululizo za klabu bingwa Afrika, kuanzia 1967 hadi 1970. Ilichukua kombe 1967, ikalitetea 1968. Kulitetea kombe lile ni kazi ambayo hakuna klabu nyingine iliyoiweza mpaka Enyimba ya Nigeria mwaka 2004. Fainali ya 1970 walipoteza kwa Asante Kotoko, na golini upande wa pili alikuwa Robert Mensah wa Ghana na kofia yake, ambaye mwaka uliofuata aliuawa kwa kuchomwa chupa kule Tema. Mensah naye anastahili makala yake, nitaiandika.

Timu ya taifa, Januari 1968, Addis Ababa. Fainali ya Mataifa ya Afrika. Kongo moja, Ghana bila. Ghana hiyo ilikuwa imebeba kombe 1963 na 1965, na kijana aliyesimama golini kuizuia isilibebe mara ya tatu mfululizo alikuwa na miaka ishirini. Wale mnaodaka mnajua moja-bila ni nini. Ukiongoza tatu, kosa lako linasamehewa. Ukiongoza moja, kila krosi inayopanda angani inakuuliza swali lilelile: unatoka au unabaki? Ndiyo maana namhesabia kipa ushindi wa moja-bila kuliko wa nne-bila.

Mwaka 1973, kura za Mwanasoka Bora wa Afrika zilimpa ushindi Tshimen Bwanga, beki wa Mazembe. Wa pili akawa Kazadi. Yaani Afrika nzima, wachezaji wawili wa juu walikuwa kipa na beki wake wa klabu moja. Machi 1974, kule Misri, Zaire, yaani Kongo ileile kwa jina jipya, ikachukua tena kombe la Afrika: mbili kwa mbili na Zambia, mechi ikarudiwa, Zaire ikashinda mbili-bila. Magoli yote manne ya fainali zile mbili alifunga Ndaye Mulamba, na jumla yake katika mashindano ikawa tisa. Watu wanamkumbuka Ndaye, na ni haki yake. Lakini Zambia waliofunga mbili siku ya kwanza, siku ya pili hawakupata kitu.

Kipa huyo, miezi mitatu baadaye, ndiye aliyetolewa dakika ya 21.

Zaire ilikuwa timu ya kwanza kutoka kusini mwa Sahara kufika Kombe la Dunia. Mechi ya kwanza, Dortmund, Ujerumani, walifungwa mbili-bila na Uskoti, magoli yote kipindi cha kwanza, la pili dakika ya 34. Kutoka hapo mpaka kipenga cha mwisho, dakika 56, Kazadi hakufungwa tena. Kisha kambi ikachafuka. Beki Mwepu Ilunga alisimulia miaka mingi baadaye kwamba fedha walizoahidiwa hazikuonekana, wakasema hawachezi, wakashawishiwa wakaingia uwanjani, moyo wao ukiwa nje. Tarehe 18 Juni 1974, Gelsenkirchen, Yugoslavia ilifunga dakika ya 8, ya 14 na ya 18. Chuma tatu. Kocha akamtoa Kazadi, akamwingiza Dimbi Tubilandu. Dakika iliyofuata faulo ikazaa goli la nne, na katika malalamiko yaliyofuata Ndaye akapewa kadi nyekundu kwa kosa ambalo si lake. Mpaka mwisho ikawa tisa-bila.

Nataka tukae hapa kidogo.

Kocha alikuwa Blagoja Vidinić. Alikuwa Myugoslavia, na zaidi ya hapo alikuwa kipa: aliidakia nchi yake akapata medali ya fedha ya Olimpiki mwaka 1956 na ya dhahabu mwaka 1960. Mtu aliyeishi maisha yake kati ya nguzo mbili anajua kumtoa kipa dakika ya 21 ni kumfanya nini. Baadaye alieleza kwamba amri ilitoka kwa mtu wa wizara ya michezo aliyefuatana na timu. Nilipomweleza kijana habari hii, ndipo aliponyanyua macho mara ya kwanza. "Kumbe hata kule?" akasema. Hata kule, mwanangu.

Tuache uchungu, tuangalie ufundi. Mwaka ule timu iliruhusiwa kubadili wachezaji wawili tu, kwa hiyo nusu ya akiba ilitumika mapema namna ile kwenye nafasi isiyoongeza mtu wa kukaba wala wa kushambulia. Na kipa anayeingia katikati ya kimbunga anaingia kipofu. Hajaugusa mpira, hajui unateleza kiasi gani. Misuli ni ya baridi. Sauti yake mabeki hawajaizoea. Akikutana na faulo, ukuta anausimamisha kwa kubahatisha, kwa sababu hajawaona wapigaji wao wakipiga hata mara moja. Kipa aliyefungwa tatu angalau ana macho ya dakika ishirini. Ameshajua yupi anatumia mguu wa kushoto, yupi anapenda kukata ndani. Ukimtoa unayatupa macho hayo. Mimi humtoa kipa aliyeumia, au aliyenifuata mwenyewe akaniambia kichwa chake hakipo. Sababu ya tatu sina.

Hesabu ndiyo hii. Zaire ilifungwa magoli 14 kule Ujerumani, na dunia inamtwika kipa mmoja yote. Sita kati ya hayo aliyafungwa Tubilandu, naye simlaumu. Kazadi alifungwa nane katika dakika 201.

Siku nne baada ya tisa-bila, uwanja wa mji uleule, Brazili mbele yao. Kazadi akarudishwa golini. Mwepu alisimulia kwamba walitishwa: wakifungwa nne wasirudi nyumbani. Brazili nao walikuwa na hesabu yao, walihitaji ushindi wa magoli matatu ili kuipita Uskoti. Jairzinho akafunga dakika ya 12. Baada ya hapo, dakika 54, Rivelino na wenzake hawakupata kitu. Goli la pili likaja dakika ya 66. Dakika ya 79 Valdomiro akapiga kutoka kulia, pembe finyu, mpira wa chini usio na nguvu ya kutisha, ukapita chini ya mwili wa Kazadi kwenye posti ya karibu. Tatu-bila. Brazili ikapita na Uskoti ikarudi kwao bila kufungwa mechi hata moja.

Lilikuwa kosa la kipa. Kazadi simtetei kwa uongo. Lakini kosa lile lina maelezo, na kila kipa wa Tanga ameshalifanya.

Mshambuliaji anayekuja kutoka pembeni anakupa mambo mawili ya kuhofia, krosi na shuti. Kipa akihofia krosi, uzito wake unaegemea nguzo ya mbali kabla mpira haujapigwa. Ni inchi tu, mtazamaji haoni. Shuti likija chini, karibu na mguu wako, hapo ndipo watu wanaposhangaa: mpira wa mbali ni rahisi kuliko huo. Wa mbali unarukia. Wa karibu, miguu yako mwenyewe imekuzuia kushuka. Mwili unabaki umeinama juu na mikono inafika chini ikiwa imechelewa. Dawa yake ni kuuondoa mguu. Mguu wa upande wa mpira unaufyatua pembeni kama mtu aliyekatwa mtama, ubavu unaanguka wenyewe, na mikono inatangulia, mkono wa chini ukiwa nyuma ya mpira. Usipige magoti kwanza. Ukipiga magoti kwanza umeshafungua mlango.

Zoezi hili nalifanyisha ufukweni Raskazone maji yakitoka, mchanga ukiwa mgumu lakini haukwaruzi. Mpira naulowesha. Nasimama meta nane, pembeni, na mara moja katika tano napiga krosi ya kweli ili kipa asinikariri. Msimu huu wa kusi ni mzuri zaidi, upepo unausogeza mpira wa juu na kipa analazimika kusubiri kabla ya kuamua. Anayejifunza kusubiri Raskazone hatasumbuka uwanja wa Mkwakwani.

Kijana alikuja Jumatatu jioni, peku, amesimama mbali kidogo na wenzake. Nikampa glovu zake bila neno. Mipira kumi ya kwanza, sita ilipita chini yake. Mipira arobaini baadaye ilikuwa inapita miwili katika kumi, ubavu mzima umejaa mchanga, na wenzake wameacha kukimbia wanamwangalia. Tulipokuwa tunakusanya mipira akaniuliza Kazadi alikwenda wapi baada ya Brazili. Nikamwambia alifariki mwaka 1996, hajafikisha miaka hamsini. Akatembea hatua kadhaa bila kusema, kisha akauliza kama zile dakika 54 zipo kwenye video.

Tunazitafuta. Na Jumamosi hii tunacheza tena Makorora, saa kumi jioni. Jina la atakayeanza golini nimeshampa kocha mwenzangu, nikamwomba kitu kimoja tu, asimtoe mpaka kipenga cha mwisho.