Uvamizi wa kijeshi: maana yake, na kilichoamuliwa Moshi mwaka 1979

Uvamizi wa kijeshi ni kitendo cha dola moja kupeleka majeshi yake katika ardhi ya dola nyingine bila ridhaa yake, ama kuteka eneo, ama kuing'oa serikali iliyopo, ama kuilazimisha ikubali jambo isilolitaka. Unatambulika kwa mambo mawili: mpaka umevukwa, na mwenye nchi hakukubali. Jeshi likiipindua serikali yake lenyewe, hayo ni mapinduzi. Wananchi wakishika silaha dhidi ya watawala wao, huo ni uasi. Askari wa kigeni walioalikwa na serikali halali si wavamizi, ingawa mwaliko nao huweza kutengenezwa. Zimewahi kuundwa serikali za haraka haraka ambazo kazi yake ya kwanza ilikuwa kutia saini barua ya kuwaita wanajeshi ambao tayari walikuwa wameshaingia.

Hiyo ndiyo maana ya kwenye karatasi. Lakini uvamizi una sehemu ya pili ambayo haizungumzwi sana: nani atashika nchi baada ya bunduki kunyamaza. Sehemu hiyo ndiyo huamua kama vita vimekwisha kweli, na sisi wa Kilimanjaro tuna sababu ya kuijua kuliko wengi, kwa kuwa mwishoni mwa Machi 1979 swali hilo, kuhusu Uganda, lililetwa Moshi.

Sheria kwanza. Mkataba wa Umoja wa Mataifa, ibara ya 2(4), unazikataza nchi kutumia nguvu, au kutishia kuzitumia, dhidi ya mipaka na uhuru wa nchi nyingine. Ibara ya 51 inabakiza mlango mmoja: nchi ikishambuliwa kwa silaha ina haki ya kujihami. Zaidi ya hapo, ni Baraza la Usalama peke yake linaloweza kuruhusu vita. Mwaka 1974 Baraza Kuu lilipitisha azimio namba 3314 linaloeleza nini maana ya uchokozi wa kivita, na likasema wazi kwamba hakuna sababu ya aina yoyote, ya kisiasa, ya kiuchumi, ya kijeshi wala nyingineyo, inayoweza kuuhalalisha. Azimio hilo linahesabu pia kutuma vikundi vya watu wenye silaha kwenda kupigana nchi ya jirani. Kipengele hicho tukishike, kinatuhusu.

Kila mvamizi ana sababu mbili, ile anayoitangaza na ile inayomsukuma. Marekani na Uingereza ziliingia Iraki Machi 2003 zikisema Saddam Hussein anaficha silaha za maangamizi. Silaha hizo hazikuonekana. Urusi ilipoingia Ukraine tarehe 24 Februari 2022, ilikataa hata kutumia neno vita, ikasema ni operesheni maalumu ya kijeshi.

Idi Amin, mtawala wa Uganda, alipoivamia Tanzania mwaka 1978, naye alidai kwamba Tanzania ndiyo iliyoanza. Kilichokuwa kinaendelea ndani ya Uganda mwaka 1978 ni jeshi kugombana lenyewe kwa lenyewe: makamu wake ametengwa, vikosi vimeasi, uchumi umeanguka tangu alipowafukuza Waasia mwaka 1972. Oktoba 1978 askari wake walivuka mpaka wa kaskazini magharibi, na ilipofika tarehe 1 Novemba Amin akatangaza kuwa eneo lote la Tanzania lililo kaskazini mwa Mto Kagera, kilomita za mraba zipatazo 1,800, sasa ni mali ya Uganda. Daraja la Kyaka lilivunjwa. Mifugo iliswagwa kwa maelfu kuelekea Uganda, mashine za kiwanda cha sukari zikang'olewa, raia wakauawa na wanawake wakabakwa. Kwa vipimo vyote vya azimio la 1974, ule ulikuwa uvamizi usio na ubishi.

Hata hivyo haki inatutaka tuseme yote. Septemba 1972 wapiganaji wa Milton Obote, rais aliyepinduliwa na Amin mwaka 1971, walivuka kutoka ardhi ya Tanzania kwenda kujaribu kumrudisha madarakani. Walishindwa vibaya, na ikabidi nchi hizi mbili zipatanishwe kwa makubaliano ya Mogadishu. Kosa la 1972 halihalalishi unyama wa 1978, ila anayeruka sura hiyo hasimulii historia, anapiga kampeni.

Na kuna jambo la Arusha ambalo mara nyingi linasahaulika. Makao makuu ya Jumuiya ya Afrika Mashariki yalikuwa hapa, na chombo chake cha juu kilikuwa mkutano wa marais watatu. Tangu Amin achukue nchi, Nyerere hakukubali kuketi naye meza moja. Kulikuwa na sababu nyingine pia, za fedha na za itikadi, na mwaka 1977 Jumuiya ikavunjika. Majeshi ya Amin yalipovuka mwaka uliofuata, hapakuwa na meza hata moja ya majirani ambayo mtu angeweza kuipigia ngumi. Kuvunjika kwa Jumuiya hakukuanzisha vita, lakini kulizima kengele.

Hotuba ya Nyerere ya Novemba 1978 wengi wanaijua kwa moyo: uwezo wa kumpiga tunao, sababu ya kumpiga tunayo, na nia ya kumpiga tunayo. Jeshi lililokuwa na watu chini ya 40,000 likapanda hadi zaidi ya 150,000, wakiwemo mgambo wengi waliotoka vijijini. Malori na mabasi ya mashirika na ya watu binafsi yalichukuliwa kubeba askari hadi Kagera, safari ya upande wa pili wa nchi. Kijana aliyetoka migombani Kibosho au Uru alikuwa anakwenda kutetea ardhi ambayo hajawahi kuiona.

Umoja wa Nchi Huru za Afrika ulitaka kupatanisha. Nyerere akatoa masharti: uvamizi ulaaniwe, Amin aachane na madai ya ardhi, alipe fidia, aahidi kutorudia. Umoja haukulaani. Hapo siasa ya uvamizi inaonekana ilivyo: viongozi wengi wa Afrika waliogopa zaidi mfano wa rais kung'olewa na jirani kuliko walivyochukizwa na rais kuvamia jirani.

Januari 1979 majeshi yetu yakaingia Mutukula, ng'ambo ya mpaka. Je, sasa Tanzania nayo ilikuwa imevamia? Swali hili huwaudhi watu, lakini ni la halali. Haki ya kujihami inakuruhusu kumfukuza adui na kuhakikisha harudi. Haisemi popote kwamba unaweza kumfuata mpaka ikulu na kumteulia mrithi. Masaka na Mbarara zilitekwa mwishoni mwa Februari. Muammar Gaddafi akatuma askari wa Libya kumwokoa Amin, na mwezi Machi wakapigwa Lukaya, kwenye barabara ya Kampala. Kuanzia hapo kilichobaki ni kumwangusha Amin mwenyewe. Binafsi naamini ulikuwa uamuzi sahihi, kwa sababu ya maelfu ya Waganda waliokuwa wanauawa na utawala ule. Lakini ulihitaji Waganda wenyewe waseme kwamba nchi ni yao na wao ndio watakaoishika.

Ndiyo kazi ya mkutano wa Moshi. Makundi ya Waganda waliokuwa uhamishoni yalikuja kutoka Nairobi, Dar es Salaam, Lusaka, London na kwingineko. Wengine walikuwa wafuasi wa Obote, wengine maadui zake wa miaka mingi. Kulikuwa na wasomi wa chuo kikuu, na wanajeshi. Ugomvi wa kwanza haukuwa juu ya katiba wala uchaguzi, ulikuwa juu ya nani aruhusiwe kuingia ukumbini na nani anawakilisha watu gani. Huku nje vita vinakwenda mbio, ndani watu wanakagua vitambulisho. Obote, mtu mwenye wafuasi wengi kuliko wote, hakuwepo. Nyerere alimshawishi asije, maana kuwepo kwake kungeuvunja mkutano. Mwishowe wakaunda chombo kimoja, Uganda National Liberation Front (Umoja wa Ukombozi wa Taifa la Uganda), na mwenyekiti akawa Yusuf Lule, aliyewahi kukiongoza Chuo Kikuu cha Makerere, mtu mpole asiye na jeshi. Kamati ya kijeshi ikaenda kwa Paulo Muwanga, mtu wa Obote.

Mgawanyo huo ukiutazama vizuri unaona yote yaliyofuata. Heshima ilipewa upande mmoja, bunduki upande mwingine.

Kampala ilianguka tarehe 11 Aprili 1979. Lule aliapishwa siku mbili baadaye, akaondolewa baada ya siku 68. Godfrey Binaisa akashika, naye akaondolewa Mei 1980 na ile kamati ya kijeshi. Uchaguzi wa Desemba 1980 ulimrudisha Obote huku wapinzani wakilalamikia wizi wa kura, na Februari 1981 Yoweri Museveni akaingia msituni. Vita hivyo viliendelea mpaka Januari 1986. Majeshi ya Tanzania yaliondoka mwaka 1981, na kwa hilo tunastahili sifa: Vietinamu, iliyoingia Kambodia na kuuangusha utawala wa Pol Pot Januari 1979, ilikaa miaka kumi.

Iraki ilionyesha kosa la namna nyingine. Mei 2003 mtawala aliyewekwa na Marekani, Paul Bremer, alilivunja jeshi lote la nchi na kuwaondoa kazini wanachama wa ngazi za juu wa Baath, chama cha Saddam. Mamia ya maelfu ya wanaume wenye mafunzo ya silaha wakajikuta mtaani bila mshahara, na wengi wakaishia kwenye makundi yenye silaha. Moshi walau iliwaweka Waganda mezani kabla mji mkuu haujaanguka. Baghdad ilianguka kwanza, ndipo watu wakaanza kutafutana.

Kwa aliyeshinda, gharama nayo ilikuwa nzito. Nyerere aliwaambia Watanzania wafunge mikanda kwa miezi 18. Yeyote aliyekuwa mtu mzima Arusha au Moshi miaka ya mwanzo ya themanini atakuambia mikanda ilifungwa zaidi ya hapo: foleni ya sabuni, sukari ya kugawiwa, mafuta ya taa ya kuvizia. Bei ya mafuta duniani na sera zetu wenyewe zilichangia, lakini vita ndivyo vilivyomaliza fedha za kigeni. Wenzetu waliokufa wamelala Kaboya, wilaya ya Muleba.

Je, mvamizi hushtakiwa? Mara chache. Mahakama ya Umoja wa Mataifa iliyokaa Arusha kwa ajili ya Rwanda, iliyofunga kazi mwishoni mwa 2015, ilihukumu mauaji ya kimbari na uhalifu dhidi ya binadamu, si kosa la kuanzisha vita. Mahakama ya Kimataifa ya Jinai ilipata mamlaka juu ya kosa la uchokozi Julai 2018 tu, na haiwezi kumgusa kiongozi wa nchi isiyo mwanachama bila Baraza la Usalama, ambako wakubwa wana kura ya turufu.

Nchi yenyewe ndiyo inayoweza kudaiwa. Mwaka 2005 Mahakama ya Kimataifa ya Haki iliamua kwamba Uganda ilikiuka sheria kwa kuingiza majeshi yake Kongo na kuikalia Ituri. Kulinda maslahi yako ya usalama, mahakama ilisema, si kujihami. Fidia ilipangwa Februari 2022: dola milioni 325, zikiwemo milioni 225 za watu waliouawa na kudhurika. Kongo ilikuwa imedai zaidi ya dola bilioni 11.

Na Februari 2025, wiki mbili hivi baada ya waasi wa M23 kuuteka mji wa Goma, Mahakama ya Afrika ya Haki za Binadamu na Watu ilisikiliza hapa Arusha kesi ya Kongo dhidi ya Rwanda juu ya yanayotendeka mashariki mwa Kongo. Rwanda inayakana madai hayo. Nchi zote mbili ni wanachama wa Jumuiya iliyofufuliwa kwa mkataba wa 1999, uliotiwa saini katika mji huu huu.