Nuri Bilge Ceylan: aliiacha kamera, hakuuacha uhariri

Sisi wahariri wa filamu tuna kawaida ya kumtilia shaka mwongozaji anayetaka kuihariri kazi yake mwenyewe, kwa kuwa nyani haoni kundule: picha iliyomkesheza usiku kucha kwenye baridi huiona ya lazima, hata kama hadithi haiihitaji. Aliyenipunguzia shaka hiyo ni Mturuki Nuri Bilge Ceylan.

Alizaliwa Istanbul mwaka 1959, akasomea uhandisi wa umeme katika Chuo Kikuu cha Boğaziçi, lakini moyo wake ulikuwa kwenye picha za mnato. Filamu yake fupi ya kwanza, Koza, ilitoka mwaka 1995, na wazazi wake ndio waliokuwa waigizaji wakuu. Kasaba, ya mwaka 1997, aliipiga akiwa na msaidizi mmoja tu. Hakujitwika kazi zote kwa majivuno; fedha za kuwalipa watu hakuwa nazo.

Njia hiyo ilifikia kilele katika Uzak ya mwaka 2002, ambayo aliiandika, akaiongoza, akaitayarisha, akaipiga na kushiriki kuihariri, tena ndani ya nyumba yake mwenyewe. Humo mna mpigapicha wa matangazo ya vigae, na ndugu yake wa kijijini aliyekuja Istanbul kutafuta kazi melini. Usiku mmoja panya ananaswa kwenye gundi jikoni. Mgeni anamtia kwenye mfuko wa plastiki, anashuka naye hadi kwenye taka na, alipoona paka wanasogea, anaubamiza mfuko ukutani, huku mwenyeji akimtazama kutoka dirishani bila kusema neno. Mhariri wa kukodiwa, nami nikiwamo, angeifupisha ile picha ya dirishani. Ceylan aliiacha, na aibu yote ya mwenyeji imo humo. Mwaka 2003 filamu hiyo ilipata Grand Prix, tuzo ya pili kwa ukubwa kwenye tamasha la filamu la Cannes, Ufaransa, na waigizaji wake wawili wakashirikiana tuzo ya uigizaji bora, ingawa mmoja wao, Mehmet Emin Toprak, alikuwa amekwisha kufariki katika ajali ya gari.

Katika İklimler ya mwaka 2006, Ceylan na mkewe Ebru waliigiza wapenzi wanaoachana. Na kwa kuwa mtu hawezi kusimama mbele na nyuma ya lenzi kwa wakati mmoja, kamera ilikwenda kwa Gökhan Tiryaki. Uandishi nao baadaye alianza kugawana na Ebru. Uhariri hakuuachia. Nadhani kuhamia kamera za dijitali kulichangia, maana anayeweza kurudia tukio mara nyingi huuhamishia uamuzi wake kwenye chumba cha uhariri.

Kwa hiyo ukiitazama Kış Uykusu, iliyotwaa Palme d'Or, tuzo kuu ya Cannes, mwaka 2014 na inayopita saa tatu, yafuatilie mazungumzo marefu ya mhusika mkuu, Aydın, na dada yake Necla. Aydın yuko mezani, Necla yuko kwenye kochi nyuma ya mgongo wake, na kinachosogea humo ni maneno na mikato tu.