Nguva "Aliyejiingiza Mwenyewe"

"Bwana samaki, hatukumwinda. Kajiingiza mwenyewe."

Maneno haya wavuvi huniambia mimi, ofisa wa uvuvi, kila nguva, yule mnyama mkubwa wa baharini, anaponasa wavuni. Nimeyasikia kwenye madiko, yaani mialo ya wavuvi, ya Kilwa na Delta ya Rufiji mpaka nimechoka. Na ni kweli, siku hizi sioni mtu akitoka na chusa, mkuki wa kuwindia baharini, kumfuata nguva. Ila ndipo dhana inapozaliwa: kwa kuwa uwindaji wa wazee umekwisha, nguva yuko salama, na huyu mmoja ni riziki tu.

Mzee wa chusa alihitaji maji matulivu, jicho kali, na nguva aibuke karibu na mtumbwi. Jarife la nailoni, wavu mkubwa wa kutega, halihitaji chochote. Linategwa jioni kwa ajili ya papa na taa, linalala juu ya nyasi za bahari, na hapo ndipo malishoni kwa nguva. Yeye anavuta hewa kama wewe, huibuka kila baada ya dakika chache. Akinaswa chini, haioni alfajiri.

Tufanye hesabu basi. Jike hubeba mimba zaidi ya mwaka, huzaa ndama mmoja, na huweza kukaa miaka 3 hadi 7 ndipo azae tena. Kundi likistawi sana haliongezeki zaidi ya asilimia 5 kwa mwaka. Penye nguva 40, wakifa wawili, ongezeko lote limeliwa. Sasa jumlisha hao "mmoja tu" wa kila diko! Mwaka 2022 IUCN, shirika la kimataifa la uhifadhi, iliwaweka nguva wa Afrika Mashariki katika daraja la walio hatarini kabisa kutoweka. Kundi kubwa lililobaki ukanda huu liko Bazaruto, Msumbiji.

Dhana nyingine juu ya nguva nazijibu huku natembea. Eti nusu mtu: ana matiti mawili karibu na kwapa, yaliyobaki wameongeza mabaharia. Eti ndugu wa sili: ndugu zake ni tembo na pimbi. Eti anakula mwani: anakula nyasi za bahari, na mizizi yake. Eti akishakufa nyama ni halali yetu: sheria inamlinda hata akiwa mzoga.

Jarife ukilitega, kaa nalo. Ukimkuta nguva hai, pua juu ya maji kwanza, kisu baadaye. Niliwahi kuwaona vijana wakikata nyuzi za mkiani kwa uangalifu mkubwa, pua iko chini. Walipomaliza kumfungua, alikuwa ameshakufa.