Saruji haina moto, lakini inakula

Juma lililopita, kabla ya kufunga taarifa ya mwezi, nilikuwa napitia mafaili ya wagonjwa wa nje nikakutana na la kijana mmoja, saidia fundi. Daktari kaandika kwa ufupi: mkono umeungua, malengelenge, asafishwe, afungwe. Aliyeingiza kwenye kompyuta akampa msimbo T23.2, wa kuungua kwa moto. Kwa maandishi hayo peke yake, hata mimi ningempa hiyo hiyo. Lakini kwenye karatasi ya mapokezi muuguzi alikuwa ameandika kwamba kijana alishinda akichanganya zege, glavu zimetoboka. Hapakuwa na moto wala maji ya moto. Aliliwa na saruji mbichi.

Msimbo wake sahihi ni T23.6, na tofauti hiyo si ndogo. Katika ICD-10, orodha ya misimbo ya magonjwa na majeraha ya Shirika la Afya Duniani, T23 yote ni ya kifundo cha mkono na kiganja, pamoja na vidole. Kuanzia .0 hadi .3 ni kuungua kwa joto au umeme. Kuanzia .4 hadi .7 ni kuliwa na kemikali. Kila upande unaanza na jeraha lisilotajwa daraja, kisha la kwanza ambalo ni wekundu, la pili lenye malengelenge, na la tatu ambapo ngozi imekufa unene wake wote. Kwa hiyo ukijua namba ya moto baada ya nukta, ongeza nne upate ya kemikali: .2 inakuwa .6. Kiganja kikiwa na madaraja mchanganyiko, shika lililo kubwa zaidi.

Kabla ya hapo kuna mtego wa lugha yetu wenyewe. Mgonjwa akisema "mkono", anaweza kuwa na maana ya kidole, kiganja, au kote mpaka begani. ICD-10 inakata kwenye kifundo: juu yake ni T22, chini ni T23. Mwenzangu wa mapokezi, muulize akuoneshe kwa kidole, kisha uandike kiganja, mgongo wa kiganja au kigasha.

Daraja nalo halisomwi siku ya kwanza tu. Saruji mbichi ni alkali kali, pH yake, yaani kipimo cha asidi na alkali, hupita 12, na haiumi papo hapo kama moto. Mtu anamaliza kazi, anaoga, ndipo usiku anaanza kuhangaika. Asidi kama maji ya betri kwa kawaida hugandisha nyama, na gamba lile huipunguzia kasi ya kuzama. Alkali huyeyusha nyama na kuendelea kushuka. Kostiki soda ya kutengenezea sabuni iko kundi hilo hilo. Jeraha lililoonekana jekundu leo linaweza kuwa la daraja la tatu siku chache baadaye. Ndiyo maana mimi huchukua daraja kwenye tathmini ya mwisho ya matibabu yale, hata kama ya mapokezi imeandikwa vizuri zaidi.

Sasa niseme jambo linalonisumbua sana kwa vijana wanaojifunza kazi hii ya kuandika misimbo kwa kutafuta mtandaoni. Majibu mengi utakayoyapata ni ya toleo la Marekani, ICD-10-CM, na sheria zake si zetu. Kule kijana huyu, kama ameliwa kiganja cha kulia, angeandikwa T23.651A, na kabla yake ingetangulia T54.3X1A kuitaja alkali na kuonesha ni ajali. Ile A watu huitafsiri "mara ya kwanza kuja", kumbe maana yake bado anapewa matibabu ya jeraha lenyewe. Kwetu hakuna kulia wala kushoto ndani ya msimbo, na kundi la T51 hadi T65, la madhara ya sumu, linasema waziwazi kwamba halichukui majeraha ya kuliwa na kemikali. Usiiweke T54 hapo.

Kwetu kisababishi huingia kwa X49, yaani ajali ya kemikali nyingine, na alama ya nne, ile ya baada ya nukta, inataja mahali: .6 ni kiwandani au eneo la ujenzi, .0 ni nyumbani. Akiwa amemwagiwa tindikali kwa makusudi, ni X86, na hilo lisitokane na kubahatisha kwako. Litoke kwenye maelezo. Ukubwa wa jeraha unaongezwa kwa T32. Kiganja cha mgonjwa mwenyewe pamoja na vidole ni kama asilimia 1 ya mwili wake, basi karibu kila jeraha la kiganja pekee litakuwa T32.0, chini ya asilimia 10.

X49 yenyewe haitofautishi saruji na maji ya betri. Kwa hiyo jina la kitu lazima libaki kwenye maandishi ya daktari. Lisipokuwepo, kijana wetu anahesabiwa na walioungua jikoni, na anayepanga mafunzo ya usalama kwa mafundi haoni hata mmoja.

Nilirudisha faili kwa daktari. Aliongeza mstari mmoja, saruji mbichi, kiganja, daraja la pili, akasaini. Nimebadilisha kuwa T23.6, T32.0 na X49.6. Kijana ana miadi wiki ijayo. Jeraha likishapona na kovu likabaki limevuta vidole, atahamia T95.2, ya madhara yanayobaki baada ya jeraha la mkono, na mstari ule wa saruji utakuwa bado upo kwenye faili lake.