Kukunjwa kwa wakati: je, kisomo hufupisha saa?

Watu wa twarika, yaani njia za Kisufi, na huku Kilwa, Lindi na Mikindani wapo wengi, huenda umewasikia wakitaja twayyu zamani, yaani kukunjwa kwa wakati. Dai lenyewe ni kwamba aya au beti takatifu, zikisomwa na mtu aliyejaaliwa, huifanya kazi ya saa nyingi ikaisha kwa kitambo kidogo. Tegemeo lake kubwa ni hadithi iliyomo katika Sahihi Bukhari: Nabii Daudi alisahilishiwa kisomo, akawa anaamuru wanyama wake watandikwe, na kabla hawajamaliza kutandikwa yeye ameshamaliza kusoma.

Wengine huongeza Suratul Kahf, na hapo huteleza. Vijana wa pangoni waliamka wakadhani wamelala siku moja au sehemu ya siku, kumbe ilishapita miaka 309. Hakuna kisomo kilichoikunja miaka ile. Ilipita yote, ila wao hawakuihisi. Hata hiyo 309 ina funzo la vipimo ndani yake: miaka 300 ya jua ni takriban miaka 309 ya mwezi, kwa sababu mwaka wa mwezi una siku 354 hivi. Muda ni ule ule, hesabu ndiyo mbili.

Kwa hiyo anayelijadili dai hili atenge kwanza mambo matatu: wakati wenyewe, hisia ya wakati, na kazi inayofanyika ndani yake.

Wakati wenyewe hauguswi na sauti. Sekunde moja ni mitetemo 9,192,631,770 ya mnururisho wa atomi ya seziamu, usome Yasini au ukae kimya. Kinachoubadilisha wakati, kwa mujibu wa Einstein, ni mwendo na nguvu ya mvutano (graviti). Na mwaka 1971 saa za atomi zilizozungushwa dunia kwa ndege zilitofautiana na zile zilizobaki chini kwa makumi hadi mamia tu ya sehemu za bilioni za sekunde. Karama ya walii ni jambo la imani, halipimwi kwa saa ya simu. Lakini mtu akikuuzia beti za "kurefusha siku", usimpe pesa.

Hisia ya wakati ndiyo hasa inayopinda, na sababu mojawapo iko kwenye pumzi. Ubeti wa utenzi una vipande vinne vya mizani 8, jumla mizani 32. Ukighani mizani nne kwa sekunde, ubeti huchukua sekunde 8. Ongeza sekunde 2 za kuvuta pumzi, unapata beti sita kwa dakika. Mtu mzima aliyepumzika huvuta pumzi mara 12 hadi 20 kwa dakika, kumbe mghani huyu anavuta mara sita tu. Mwaka 2001 watafiti wa Italia wakiongozwa na Luciano Bernardi waliona kwamba rozari ya Kilatini, na vilevile mantra (maneno yanayorudiwarudiwa katika yoga), huipunguza pumzi hadi kasi hiyo hiyo ya takriban sita, na mapigo ya moyo yakaifuata. Mwili umetulia, akili imeshikwa na vina. Nafasi ya kuhesabu dakika haipo.

Zikri ya kukohoa huenda upande wa pili. Pumzi ni fupi na za nguvu, kaboni dayoksaidi hupungua kwenye damu, kichwa huwa chepesi na vidole hufa ganzi. Mtu akisema wakati umesimama akiwa katika hali hiyo, mtoeni kwenye duara, akae chini, apumue polepole. Akizimia au akishikwa na kifua, mpelekeni hospitali.

Kujaribu ni rahisi. Baada ya Magharibi waweke wasomaji kwenye chumba kisicho na saa, simu zikae nje. Mtu mmoja asiyesoma apime muda, awasimamishe bila kuwaambia mapema ni dakika ngapi, kisha kila mmoja aandike kadirio lake kabla hawajasemezana. Siku nyingine rudieni muda ule ule kwa kukaa kimya, mlinganishe. Jaribio huharibika kwa mambo mawili hasa. Kwanza tasbihi: shanga 99 zenye kitenganishi kila baada ya 33 ni saa mkononi. Pili adhana ya Isha, ambayo kila mtu anajua huja kama saa moja na kitu baada ya Magharibi.

Iliyobaki ni kazi, na hii kweli hukunjika, mchana kweupe. Kwenye khitma ya arobaini, juzuu 30 hugawiwa watu 30. Juzuu moja humchukua msomaji mzuri kama dakika 40, maana yake saa 20 za kisomo huisha kabla chai haijapoa. Msomaji mmoja asijaribu kuifikia kasi hiyo peke yake: herufi humezwa, madda (mavuto ya sauti) hukatwa, na Mtume (s.a.w.) amesema hafahamu aliyeisoma Qur'ani chini ya siku tatu. Kosa la kawaida kwenye khitma ni juzuu kubaki chini ya mkeka au mkononi mwa mtu aliyetoka kupokea simu. Anayegawa aandike namba na jina, azihesabu zote 30 zikirudi, ndipo dua ianze.