Je, wajua? Mwigizaji aliyeona kicheche, na mizani yake haikuwa na kosa

Mwaka 408 KK, jijini Athens, mwigizaji aitwaye Hegelochus alisimama mbele ya umati katika Orestes, mchezo wa Euripides, akiigiza Orestes mwenyewe, kijana aliyemuua mama yake mzazi na sasa anaandamwa na wazimu. Wazimu unapoa kidogo, kijana anazinduka, na hapo alitakiwa kusema hivi: baada ya mawimbi, naona tena shwari. Kilichotoka kinywani ni hiki: baada ya mawimbi, naona tena kicheche.

Watu wa Athens hawakumsamehe. Miaka mitatu baadaye, mwaka 405 KK, Aristophanes aliliingiza kosa hilo zima kwenye mchezo wake wa kuchekesha, Vyura, na wachekeshaji wengine nao hawakuacha kulitafuna. Wagiriki walikuwa na vicheche hao majumbani kwa ajili ya panya, kwa hiyo picha ya shujaa wa msiba (yaani tanzia, mchezo wa huzuni) akimtolea macho mla panya ilieleweka papo hapo.

Alikosea nini hasa? Kwa miaka mingi nilikuwa na jibu langu, tena nililitoa kwa kujiamini: alikosea mizani. Tamthilia za Wagiriki wa kale zimetungwa kwa ushairi, ushairi una mizani, na mtu akivuta silabi isiyovutwa neno linageuka jingine. Jibu hili linaingia akilini vizuri sana. Kasoro yake ni moja tu, kwamba si kweli. Ukiupima mstari ule kama alivyousema Hegelochus, mizani imekaa sawasawa, haikupungua wala kuzidi.

Kosa langu lilikuwa na mizizi. Mtu aliyelelewa na tenzi na mashairi ya Kiswahili akisikia “ushairi” masikio yake yanangoja vitu viwili, vina na hesabu ya silabi. Utenzi una mizani nane kwa kila kipande na kina cha mwisho kinachofunga ubeti. Shairi lina kumi na sita kwa mstari, nane huku na nane kule. Kwa hiyo nilipokutana na Wagiriki kwa mara ya kwanza nilitafuta vina. Havipo. Miisho ya mistari miwili ikifanana, ni bahati au ni mapambo ya mahali pale, si sheria. Nikahesabu silabi: kumi na mbili, kumi na mbili, kumi na tatu, kumi na mbili, kumi na nne. Nikaamua kwamba Euripides alikuwa mzembe, au mnakili wake alikuwa na usingizi.

Kisha nikaingia shimo la pili, ambalo wengi wetu tumo. Tuliojifunza habari za Wagiriki kupitia Kiingereza tumerithi neno “iambi” likiwa na maana ya mkazo: silabi nyepesi, silabi ya kishindo, nyepesi, kishindo. Hivyo ndivyo ushairi wa Kiingereza unavyokwenda, na watu wa Ulaya walipolichukua neno la Kigiriki walilivika nguo zao. Kigiriki cha wakati ule hakikutunga mistari kwa kishindo. Kilitunga kwa muda: silabi hii inachukua kinywani muda gani?

Kwa sikio la Kiswahili jambo hili ni gumu kidogo, maana kwetu kila silabi ni mizani moja, na “kaa” ni mizani mbili kwa sababu ina silabi mbili. Lakini vuka mpaka kidogo. Katika Kiganda, *okusiga* ni kupanda mbegu na *okusiiga* ni kupaka, na tofauti iko kwenye urefu wa i. Mganda hahitaji kufafanuliwa kwamba silabi moja inaweza kuwa ndefu kuliko mwenzake. Mgiriki wa mwaka 408 KK alikuwa hivyohivyo. (Wagiriki wa leo urefu huo hawanao tena, ulipotea katika usemi zamani sana, na wanafunzi wao huukariri vitabuni kama sisi.)

Mfano ulionifungua macho ni wa fundi mwashi. Fundi ana tofali nzima na nusu tofali. Mstari wa ukuta una urefu wake, na mpangilio wake unajulikana: hapa nusu, hapa nzima, hapa nusu, hapa nzima. Silabi fupi ni nusu tofali. Silabi ndefu ni tofali nzima. Na ndefu si lazima iwe na irabu iliyovutwa; silabi inayofungwa na konsonanti nayo hupata uzito wa tofali nzima, hata kama irabu yake ni fupi.

Sasa tuuweke ukutani mstari wenyewe wa Hegelochus, nikiuandika kwa tahajia yetu na kuukata kama masikio yalivyousikia, si kama maneno yalivyoandikwa:

*ek-kuu-ma-toon, ga-rau-thi-sau, ga-lee-no-roo*

Nzima, nzima, nusu, nzima. Nusu, nzima, nusu, nzima. Nusu, nzima, nusu, nzima. Vipande vitatu vya silabi nne nne. Kipande cha kwanza kimeanza na tofali nzima mahali ambapo vingine vina nusu, na hilo linaruhusiwa, kwa kuwa nafasi ya kwanza ya kila kipande ni ya hiari. Hii ndiyo iambi ya Wagiriki, mstari wa kawaida wa mazungumzo katika tamthilia zile. Aristotle aliandika kwamba ndio mpangilio ulio karibu zaidi na usemi wa kila siku, kiasi kwamba Wagiriki wakizungumza hujikuta wameutamka bila kukusudia.

Na zile silabi kumi na tatu na kumi na nne? Fundi akiishiwa tofali nzima huweka nusu mbili mahali pake. Ukuta unabaki na urefu uleule, ila vipande vimeongezeka. Euripides aliipenda sana mbinu hii, na kadiri alivyozeeka ndivyo alivyozidi kuitumia, hata wataalamu huhesabu nusu hizo wakikadiria mchezo usio na tarehe ni wa miaka gani. Ni makadirio, si cheti cha kuzaliwa, lakini michezo yenye tarehe zinazojulikana inaonyesha mwelekeo huo wazi.

Katika Vyura, Aristophanes anaonyesha jinsi masikio ya watazamaji yalivyokuwa makali kwa mambo haya. Aeschylus na Euripides, watunzi wawili wa misiba, wote marehemu, wanagombania kiti cha ushairi kuzimu. Euripides anaanza kutamba na mianzo ya michezo yake. Aegyptus, asema, kama habari zilivyoenea, pamoja na wanawe hamsini, kwa makasia, alipotia nanga Argos... na Aeschylus anadakia: *leekuthion apoolesen*, “akapoteza kichupa chake cha mafuta.” Euripides anajaribu mwanzo mwingine. Kichupa kinapotea tena. Na mwingine. Kichupa. Mzaha unauma kwa sababu maneno hayo yanaziba barabara nusu ya pili ya mstari, mstari baada ya mstari. Na ukiyapima, *lee-ku-thi-o-na-poo-le-sen*, utaona *thi-o*, nusu mbili zilizokaa mahali pa nzima. Hata tusi lilijengwa kifundi. Wataalamu wa mizani mpaka leo hukiita kipande hicho cha mstari “lekithioni”, yaani kichupa, na huliandika neno hilo bila kucheka.

Basi, kama mizani ya Hegelochus ilikuwa sawa, kicheche alitokea wapi? Alitokea kwenye toni. Kigiriki cha kale kilikuwa na jambo la pili, lisilotegemea urefu: sauti kupanda na kushuka ndani ya neno. Katika “shwari”, *galeen’*, sauti ilipanda kuelekea mwisho wa ile *ee* ndefu, kisha ikaunga moja kwa moja na neno la mbele bila pumzi katikati, maana irabu ya mwisho ya neno ilikuwa imemezwa. Katika “kicheche”, *galeen*, sauti ilipanda na kushuka palepale, na neno likaishia hapo. Wafafanuzi wa kale wanasema pumzi zilimwishia akashindwa kuunga. Silabi zilezile, muda uleule, kiimbo kingine. Wanaosema lugha za toni, na majirani zetu ni tele, wanajua aibu ya namna hii bila kuisoma kitabuni.

Hapa ndipo swali la kuimba linapoingia, kwa sababu tukio la kicheche liliwezekana tu kwa kuwa mstari ule *ulisemwa*. Tamthilia moja ilikuwa na sauti tatu, na mizani ndiyo iliyoashiria ipi inakuja. Ile ya tofali za iambi ilisemwa bila ala. Kulikuwa na ya katikati, si kusema wala kuimba, iliyoghanwa juu ya ala. Mara nyingi ilikwenda nusu, nusu, nzima, mwendo wa miguu, na kwaya iliweza kuingia uwanjani nayo. Ya tatu ilikuwa wimbo kamili, pamoja na kucheza. Kwaya hiyo msiifikirie ile ya kanisani iliyosimama kwa safu. Kwenye misiba ya wakati wa Euripides ni watu kumi na watano wanaoimba huku wanacheza, na ala ni moja tu, aulosi. Vitabu vingi huiita filimbi. Si filimbi. Ilikuwa na mwanzi wa kutetema mdomoni, kwa hiyo ndugu yake ni zumari, ila mpigaji alishika mabomba mawili na kuyapuliza kwa pamoja. Mlio wake haukuwa wa kubembeleza mtoto.

Watu wa Florence, Italia, walikosea kinyume changu. Mimi nilidhani kila kitu kilisomwa kama shairi. Wao, katika karne ya 16, walishawishiwa na msomi Girolamo Mei kwamba msiba wa Kigiriki uliimbwa mwanzo hadi mwisho. Wakajaribu kuufufua, na mwaka 1600 Jacopo Peri akatoa Euridice, mojawapo ya opera, yaani michezo inayoimbwa, za kwanza kabisa. Aristotle alikuwa ameshaandika waziwazi kwamba sehemu nyingine hutimizwa kwa mizani tu na nyingine kwa wimbo. Kosa lao, lazima nikiri, lilizaa matunda kuliko langu.

Katika wimbo mambo yalibadilika hata kwenye lugha. “Wa mama”, ambalo Mwathene angelitamka *meetros*, kwaya iliimba *maatros*, kwa Kidori, lahaja nyingine ya Kigiriki, kama vile mshairi wa bara anavyochota maneno ya Kiamu au Kimvita akitunga, ingawa sokoni hayasemi. Beti zilikwenda mbili mbili, na ubeti wa pili ulirudia tofali za wa kwanza karibu nafasi kwa nafasi: penye ndefu pawe na ndefu, penye fupi fupi. Toni za maneno, hata hivyo, hazikurudiwa. Haiwezekani kutunga beti mbili zenye maneno tofauti zilingane kwa urefu na kwa toni pia. Basi kama beti zote mbili ziliimbwa kwa lahani moja, lahani hiyo lazima iligongana na toni mahali fulani.

Dionysius wa Halicarnassus, aliyeandika karne ya kwanza KK, anathibitisha mgongano huo, tena kwa mchezo uleule wa Orestes. Anataja maneno *siiga siiga leukon*, mwanzo wa ombi kwamba watu wakanyage kimyakimya wasimwamshe mgonjwa, na anasema yaliimbwa kwa noti moja, ingawa kila neno lina kupanda na kushuka kwake. Mchezo mmoja, basi: kwenye maongezi toni moja ikiteleza unazomewa vizazi, kwenye wimbo toni zinazikwa na hakuna anayelalamika. Lakini tusikimbilie kuifanya sheria ya jumla. Nyimbo za Delphi za karibu mwaka 128 KK, zilizochongwa kwenye mawe pamoja na noti zake, zinafuata toni za maneno kwa uangalifu mkubwa. Hizo hazikutungwa kwa beti pacha.

Kuna kipande kimoja cha mafunjo, sasa kiko Vienna, kilichotangazwa mwaka 1892. Kimechanika pande zote na kinabeba mistari michache tu ya kwaya ya Orestes: damu ya mama yako inayokupagawisha, neema kubwa haidumu kwa wanadamu, mungu huitikisa kama tanga la chombo cha mbio na kuizamisha mawimbini. Mizani yake inaitwa dokmio, “mshazari”: nusu, nzima, nzima, nusu, nzima, mwendo wa mtu anayekimbia huku anajikwaa, na watunzi wa misiba waliutunzia hofu na kiwewe. Juu ya maneno zimeandikwa herufi ndogo ambazo ni noti. Kiliandikwa karibu mwaka 200 KK, yapata karne mbili baada ya Euripides, kwa hiyo lahani inaweza kuwa yake au ya mtu aliyekuja baadaye.

Katika kipande hicho neno *hoos*, “kama”, limeandikwa na herufi ω mbili, kwa sababu silabi moja ilipewa noti mbili. Aristophanes alikuwa amemdhihaki Euripides kwa tabia hiyohiyo. Katika Vyura, Aeschylus anaigiza wimbo wa mwenzake kuhusu buibui wa kwenye pembe za dari, “mnaosoko-o-o-o-ota” nyuzi kwa vidole. Nakala zilizobaki hazikubaliani silabi ile irudiwe mara ngapi. Kwenye mafunjo ya Vienna, irabu ya *hoos* imeandikwa mara mbili tu.